Eiji Tsuburaya, Mpiga Picha Aliyekuja Kuitwa Mwongozaji: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Eiji Tsuburaya alikuwa nani?

Alikuwa mpiga picha wa filamu na mwongozaji wa Kijapani, aliyezaliwa tarehe 7 Julai 1901 katika mji wa Sukagawa, mkoani Fukushima, na kufariki tarehe 25 Januari 1970. Watazamaji wengi wanamjua kwa mambo mawili: Godzilla, dude kubwa la filamu lililotoka mwaka 1954, na Ultraman, shujaa aliyeanza kuonekana kwenye televisheni mwaka 1966. Mambo hayo mawili ni ya miaka kumi na sita ya mwisho wa maisha yake. Kabla ya hapo alikuwa amekwisha kuishi na kamera kwa miaka thelathini na mitano, akiwa msaidizi, kisha mpiga picha mkuu, kisha mkuu wa idara ya mbinu maalumu za picha. Anayeianzia hadithi yake kwenye Godzilla humwona kama fundi wa masanamu ya mpira. Anayeianzia mwanzo hugundua kwamba hata dude lile la mpira lilikuwa wazo la mpiga picha.

Kwa nini mahali pengine anaitwa Eiichi?

Jina alilopewa nyumbani ni Eiichi. Ukoo wake, kwa matamshi ya kwao, ni Tsumuraya. Herufi zilezile zinasomeka pia Tsuburaya, na ndivyo alivyojulikana katika kazi.

Aliingiaje katika filamu?

Kwa njia ya mzunguko, tena kwa bahati. Mapenzi yake ya kwanza yalikuwa ndege. Mama yake alifariki yeye akiwa mtoto mdogo wa miaka mitatu, baba yake akaondoka nyumbani, naye akalelewa na bibi yake. Mwishoni mwa mwaka 1910 maofisa wawili wa jeshi walirusha ndege kwa mara ya kwanza katika ardhi ya Japani, na tangu siku hizo mtoto yule alishinda akichonga ndege za mbao kwa kuiga picha za magazetini. Mwaka 1916 alijiunga na shule ya urubani iliyokuwa Haneda, Tokyo. Mwaka uliofuata mwalimu mkuu wa shule hiyo alianguka na ndege akafa, na masomo yakakoma. Kijana akahamia shule ya ufundi wa umeme katika mtaa wa Kanda, akijitafutia riziki kwa kubuni vitu vya kuchezea watoto katika kampuni moja ya mjini.

Mwaka 1919, katika msimu wa kutazama maua ya micheri, wafanyakazi wenzake wa kiwandani waligombana na kundi la watu wa filamu waliokuwa wamekaa karibu nao. Tsuburaya, aliyekuwa na umri wa miaka kumi na minane hivi, aliingia kati kuamua ugomvi. Mmoja wa wale watu wa filamu, mwongozaji na mpiga picha Yoshiro Edamasa, alivutiwa naye, akazungumza naye na kumpa kazi ya msaidizi wa kamera. Ukiondoa muda wa utumishi jeshini na kipindi kifupi alichorudi kwao, hakuiacha tena kamera.

Alikuwa mpiga picha wa namna gani?

Alikuwa mpiga picha asiyetulia. Mwaka 1926 alikuwa miongoni mwa wasaidizi wa kamera katika filamu ya Teinosuke Kinugasa iitwayo "Kurutta ippēji", kazi ya majaribio iliyowekwa ndani ya hospitali ya wagonjwa wa akili, yenye picha zinazopandana na kuyeyukiana. Mwaka 1927 alipiga picha za "Chigo no kenpō", filamu iliyomtambulisha mwigizaji kijana ambaye baadaye alijulikana kote Japani kwa jina la Kazuo Hasegawa. Filamu hiyo ilipendwa sana, na ndiyo iliyompa Tsuburaya nafasi ya kudumu huko Kyoto, ambako filamu za samurai zilitengenezwa moja baada ya nyingine.

Katika studio za Kyoto walimpachika jina la utani la "Tsuburaya wa Moshi", kwa sababu alipenda kujaza seti moshi kabla ya kuwasha taa. Jina lilikuwa la mzaha, lakini nia yake ilikuwa ya maana. Moshi huuficha ukaribu wa mandhari na kuyafanya yaonekane mbali. Ukuta wa mbao ulio hatua kumi kutoka kwenye lenzi hugeuka mlima ulio ng'ambo ya bonde. Miaka ishirini na zaidi baadaye, katika vyumba vya kampuni ya filamu ya Toho, moshi huohuo ndio uliofanya mji wa plasta uwe na ukungu wa alfajiri.

Alijitengenezea pia vyombo vyake. Alijenga kreni ya mbao ili kamera ipande na kushuka wakati picha inachukuliwa, jambo ambalo studio za Japani hazikuwa na mtambo wake. Alianguka kutoka kwenye kreni hiyo akaumia, na miongoni mwa waliokuja kumjulia hali hospitalini alikuwemo Masano Araki, ambaye walioana mwaka 1930.

Je, ni kweli kwamba filamu ya King Kong ndiyo iliyombadilisha?

Ni kweli, na mwenyewe hakuficha. Filamu hiyo ya Kimarekani iliingia Japani mwaka 1933. Tsuburaya alipata nakala yake, akaichunguza fremu kwa fremu, akiandika jinsi kila picha ilivyotengenezwa. Mtazamaji wa kawaida aliona sokwe mkubwa. Yeye aliona picha mbili au tatu zilizopigwa siku tofauti, mahali tofauti, zikiunganishwa katika kipande kimoja cha filamu. Inafaa kukumbuka kwamba wakati huo alikuwa na miaka kumi na minne kazini. Filamu ile haikumfundisha kamera. Ilimwonyesha ukubwa wa kazi ambayo kamera aliyokuwa nayo mkononi ingeweza kufanya.

Baada ya hapo alihamia studio ya J.O. ya Kyoto, ambako mwaka 1935 alipiga picha za "Kaguya-hime", hadithi ya kale ya binti aliyepatikana ndani ya mwanzi. Filamu hiyo ilidhaniwa imepotea kabisa hadi nakala yake iliyofupishwa ilipogunduliwa London mwaka 2015. Mwaka 1937 ilitoka "Atarashiki tsuchi", iliyotengenezwa kwa ushirikiano wa Wajerumani na Wajapani, ambamo alitumia mbinu ya kumsimamisha mwigizaji mbele ya pazia huku mandhari yakitupwa juu ya pazia hilo kutoka nyuma.

Aliwahi kuongoza filamu yeye mwenyewe?

Ndiyo, ingawa si nyingi. Mwaka 1935 alisafiri na manowari ya mafunzo Asama katika bahari ya Pasifiki, na safari hiyo ikawa filamu ya hali halisi iliyotoka mwaka 1936, yeye akiwa mwongozaji. Mwaka huohuo aliongoza na kupiga picha filamu ya hadithi iliyotokana na nyimbo za kienyeji. Baada ya hizo, kazi yake ya uongozaji ilihamia katika upande mmoja wa filamu, yaani sehemu ambazo waigizaji wa kawaida hawawezi kuziigiza: vita vya baharini, mafuriko, matetemeko, majoka. Tangu filamu ya pili ya Godzilla, ya mwaka 1955, jina lake lilitajwa mwanzoni mwa filamu kwa cheo cha mwongozaji wa mbinu maalumu, akiwekwa sambamba na mwongozaji wa waigizaji. Kwa fundi wa studio, heshima hiyo haikuwa ndogo.

Alifanya nini wakati wa vita?

Kampuni ya Toho ilipoundwa mwaka 1937, meneja wake Iwao Mori alimleta Tokyo na kumfungulia idara ya mbinu maalumu za picha. Idara hiyo mwanzoni ilikuwa na mfanyakazi mmoja, naye ni yeye mwenyewe. Wapiga picha wa Tokyo hawakumpokea kwa furaha, na vita ndivyo vilivyoikuza idara yake, kwa kuwa serikali ilitaka filamu za kusifu jeshi na majeshi yenyewe hayakuwa na manowari wala ndege za kuazimisha kwa ajili ya maigizo.

Kazi kubwa ya kipindi hicho ni "Hawai Marē oki kaisen", iliyoongozwa na Kajiro Yamamoto na kuonyeshwa Desemba 1942, mwaka mmoja baada ya shambulio la Pearl Harbor. Jeshi la wanamaji lilikuwa na usiri mkubwa, hivyo Tsuburaya na mafundi wake waliijenga bandari kwa kukadiria vipimo kutoka kwenye picha za magazetini. Kiufundi ilikuwa kazi ya juu kuliko zote zilizotangulia nchini mwake. Kwa maudhui ilikuwa propaganda, na uzuri wa picha zake ndio uliofanya propaganda hiyo ifanye kazi. Wanaomwandika kama babu mpole wa watoto huipita sura hii haraka mno.

Ni kweli kwamba alifukuzwa kazi baada ya vita?

Mwaka 1948 mamlaka ya majeshi yaliyoikalia Japani ilimweka katika orodha ya waliozuiwa kushika nyadhifa kwa sababu ya filamu za vita, naye akaondoka Toho. Alianzisha karakana ndogo nyumbani kwake, mtaa wa Soshigaya, akifanya kazi za vibarua kwa studio nyingine. Mojawapo ni filamu ya mwaka 1949 ya kampuni ya Daiei kuhusu mtu asiyeonekana. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 alirudi Toho hatua kwa hatua, na mwaka 1953 akashirikiana na mwongozaji Ishirō Honda katika filamu ya vita "Taiheiyō no washi".

Godzilla ilitengenezwaje?

Ilianza na mradi uliokufa. Mtayarishaji Tomoyuki Tanaka alikuwa amepanga filamu ya pamoja na Indonesia, mpango ukavunjika, akabaki na tarehe ya maonyesho bila filamu. Mwezi Machi 1954 mashua ya wavuvi wa Kijapani, Daigo Fukuryū Maru, ilikuwa imenyeshewa majivu ya jaribio la bomu la haidrojeni la Wamarekani karibu na visiwa vya Bikini katika Pasifiki, na nchi nzima ilikuwa na hofu ya samaki, mvua na bahari yenyewe. Tanaka akaunganisha hofu hiyo na wazo la mnyama wa kale aliyeamshwa na bomu. Tsuburaya alikuwa na wazo lake la zamani la pweza mkubwa; wenzake wakachagua mnyama wa umbo la mjusi mkubwa wa kale.

Mapenzi yake kwa King Kong yangemfanya atumie mbinu ya kusogeza mwanasesere kidogo kidogo na kupiga fremu mojamoja. Alipiga hesabu, akasema kazi hiyo ingemchukua miaka saba. Alikuwa na miezi michache. Kwa hiyo waliamua kumvika mtu vazi la mpira na kumtembeza katikati ya mji mdogo.

Vazi la kwanza lilikuwa na uzito wa kilo 100 hivi na lilikakamaa kiasi kwamba mwigizaji Haruo Nakajima hakuweza kutembea nalo zaidi ya hatua chache. Hawakulitupa: walilikata, na nusu ya chini ikatumika kwa picha za miguu peke yake. Vazi la pili lilikuwa afadhali, lakini chini ya taa kali za studio joto ndani yake halikuvumilika, na Nakajima alikuwa akivuliwa akiwa amelowa jasho chapachapa. Kabla ya kazi alikuwa amekwenda bustani ya wanyama ya Ueno kutazama jinsi tembo na dubu wanavyokanyaga ardhi. Majengo ya Tokyo yalijengwa kwa kipimo cha 1 kwa 25, ili Godzilla wa mita 50 awe na kimo cha mita mbili, yaani kimo cha mtu aliyevaa vazi. Minara ya umeme inayoyeyuka kwa pumzi yake ilitengenezwa kwa nta na kuyeyushwa kwa joto la taa.

Filamu ilitoka tarehe 3 Novemba 1954 na kuuza tiketi milioni 9.6 hivi nchini Japani.

Kwa hiyo nani hasa aliongoza Godzilla: Honda au Tsuburaya?

Mwongozaji wa filamu ni Ishirō Honda, na jibu hilo halina utata. Ila mpangilio wa kazi wa Toho ulikuwa wa vikosi viwili. Kikosi cha Honda kilishughulika na waigizaji, maneno na maeneo halisi, kikiwa na mpiga picha wake. Kikosi cha Tsuburaya kilikuwa na seti zake, taa zake, na wapiga picha wake, akiwemo Sadamasa Arikawa, mwanafunzi wake. Picha za vikosi viwili zilikutana mezani kwa mhariri. Mwanamke anayetazama juu kwa hofu alipigwa na Honda. Anachokitazama kilipigwa na Tsuburaya, pengine wiki kadhaa baadaye. Ili macho yake na kile kitu vikutane, ilibidi wakubaliane mapema juu ya urefu wa kamera, mwelekeo wa mwanga na upande ambao mnyama anatokea. Inasimuliwa kwamba walipopanda juu ya paa la duka kubwa la mtaa wa Ginza, Tokyo, kupanga ni wapi pataungua na ni wapi patabomoka, mlinzi aliyewasikia aliwashuku na kuwasimamisha.

Kitu kidogo kinawezaje kuonekana kikubwa mbele ya kamera?

Hili ndilo swali ambalo Tsuburaya alilijibu maisha yake yote, na jibu lake kuu ni mwendo. Kitu kikubwa huanguka kwa muda mrefu. Kidogo huanguka mara moja. Ukiangusha jengo la mfano lenye kipimo cha 1 kwa 25, litafika chini kwa moja ya tano ya muda ambao jengo halisi lingetumia. Kwa hesabu hiyo, kamera ikikimbizwa mara tano ya kasi ya kawaida, yaani fremu 120 kwa sekunde badala ya 24, mwanguko ule ukionyeshwa ukumbini utachukua muda wa jengo la kweli. Seti haikuruhusu hesabu kamili kila mara, maana filamu inayokwenda kasi hudai mwanga mwingi zaidi, na mwanga mwingi ulimwongezea joto mtu aliye ndani ya vazi. Alichagua kasi kwa kila picha kulingana na kinachosogea: maji yalidai kasi kubwa, moshi kiasi chake, na hatua za mnyama kiasi kingine. Kwa sababu hiyo pia Nakajima alilazimika kuigiza harakaharaka ili mwishowe aonekane mzito.

Maji ndiyo yaliyomsumbua zaidi, kwa kuwa tone haliwezi kupunguzwa ukubwa. Kwa picha za bahari inayotazamwa kutoka angani, aliyaacha maji kabisa, akatandaza utando mgumu unaochemshwa kutokana na mwani, ule ule ambao Wajapani huutumia kutengenezea vitamutamu, na kuufinyanga uwe na viwimbi. Kwa vita vya manowari, Toho ilijenga bwawa kubwa la nje mwaka 1960.

Mbinu zake nyingine zinashangaza kwa urahisi wake. Ndege za mfano zilipoonekana zimening'inia kwa waya, alizipindua juu chini na kuipindua kamera pia: jicho la mtazamaji hutafuta waya juu ya ndege, na waya sasa ziko chini. Wingu la bomu la nyuklia alilipata kwa kumimina rangi ndani ya tangi la maji na kupiga picha kamera ikiwa imepinduliwa juu chini, ili rangi inayozama ionekane inapaa. Husimuliwa kwamba wazo hilo lilimjia alipokuwa akitazama mchuzi wa miso ukizunguka bakulini.

Ultraman ni kazi yake pia?

Ni kazi ya kampuni yake. Aprili 1963 alianzisha kampuni ambayo leo inaitwa Tsuburaya Productions, huku akiendelea na kazi za Toho. Kampuni changa ilijitosa kuagiza kutoka Marekani mashine ya Oxberry ya kuunganisha picha juu ya picha, kwa bei ya yeni milioni 40. Mpango wa kipindi uliokuwa ulipie mashine hiyo ukavunjika, na kituo cha televisheni cha TBS kikaichukua mashine na kuagiza kipindi cha kuitumia. Kipindi hicho ndicho "Ultra Q", kilichoanza kurushwa tarehe 2 Januari 1966, na mwezi Julai mwaka huohuo kikafuatwa na "Ultraman", chenye sehemu 39.

Yeye alikuwa msimamizi. Hati nyingi zilipitia mkononi mwa Tetsuo Kinjō, kijana kutoka Okinawa. Maumbo ya Ultraman na majoka yalichorwa na Tohl Narita. Na mwana mkubwa wa Tsuburaya, Hajime, aliongoza baadhi ya sehemu. Tsuburaya mwenyewe, kama msimamizi, alikuwa mkali: alikagua picha na kurudisha zisizomridhisha. Vilevile hakupenda damu nyingi itiririke mbele ya watoto, akisisitiza hivyo hata wenzake walipotaka kwenda mbali zaidi.

Alifariki akiwa na kazi gani mkononi?

Mwaka 1969 ilitoka "Nihonkai daikaisen", filamu ya vita vya baharini vya Japani na Urusi, iliyokuwa miongoni mwa za mwisho kwake. Wakati huohuo alikuwa akitayarisha picha za banda la Mitsubishi katika Maonyesho ya Dunia ya Osaka ya mwaka 1970. Afya yake ilikuwa imedhoofika, na moyo ulimsimama akiwa katika nyumba yake ya mapumziko huko Itō, wiki chache kabla ya maonyesho kufunguliwa. Alikuwa Mkatoliki, akazikwa katika makaburi ya Wakatoliki ya Fuchū, Tokyo. Miongoni mwa mipango aliyoiacha mezani kulikuwa na filamu mpya ya Kaguya-hime na nyingine kuhusu vijana wa Kijapani waliokuwa na wazimu wa ndege.

Nianze na filamu ipi, na nitazame nini?

Anza na Godzilla ya mwaka 1954, toleo la Kijapani. Toleo la Marekani la mwaka 1956 lilikatwa na kuongezewa mwigizaji Raymond Burr, na sehemu kubwa ya uzito wake imepotea. Kisha tazama "Rodan" ya mwaka 1956, ya rangi, uone paa za mji zikipeperushwa na upepo wa mabawa. Halafu "Mothra" ya mwaka 1961. Ukifika Sukagawa, kuna jumba la makumbusho lenye jina lake lililofunguliwa mwaka 2019, na sanamu za majoka yake zimesimama barabarani kama wakazi wa kawaida wa mji. Unapotazama, usitafute zipu ya vazi, kwa kuwa wengi wamekwisha kuitafuta. Tazama kamera imewekwa wapi: karibu kila mara iko chini, usawa wa macho ya mtu aliyesimama barabarani katika mji ule mdogo, na mbele yake kuna waya za umeme, kona ya paa au mti mmoja, na nyuma ya vyote hivyo kuna moshi.